Shamba lina mwenye hati na wewe uko ndani: ulipe kodi, ununue, uende korti ama usubiri skimu?

Naandika hii kwa watu wa Malindi na Magarini, na wa Lamu nitawafikia huko mbele, nyinyi mulio kwenye ardhi ambayo babu kazikwa hapo hapo, mwembe kaupanda yeye, watoto wamezaliwa hapo wote, lakini hati iko na mtu hamujawahi kumtia machoni. Kijiji kinaitwa baraza kinaambiwa haya chagueni, mulipe kodi mukae kwa amani, ama mununue vipande vyenu, ama muondoke. Mwengine anakuja na habari za korti ati ukikaa miaka 12 ardhi ishakuwa yako, mwengine anasema tulieni serikali itanunua iwagawie, ndiyo hiyo skimu. Watu wanachanganyikiwa, mwishowe wanashika ile iliyoletwa mlangoni kwanza, na ile inayoletwa mlangoni kwanza mara nyingi ndiyo inayomfaa aliyeileta.

Hizi njia haziko sawa. Kuna moja ukiishika leo inafunga nyingine, na hapo ndipo watu wanapoumia, sababu hakuna anayewaambia mapema.

Kwanza mujue hali hii ilitoka wapi, manake ndiyo inayoeleza kwa nini mkulima wa hapa anaitwa skwota, yaani mtu aliyekaa kwenye ardhi asiyo na hati yake, kwenye shamba alilolima yeye. Malindi ilifufuka miaka ya 1860 chini ya Sultani Majid wa Zanzibar, mashamba makubwa ya mtama na ufuta, watumwa wanalima, majahazi yanapakia nafaka kwenda Arabuni. Utumwa ukafutwa kisheria huku pwani mwaka 1907. Mwaka mmoja tu baadaye, 1908, Mwingereza akaleta sheria ya hati za ardhi: kila anayedai ardhi kwenye ule mwambao wa maili kumi aje kwa afisa atoe ushahidi apewe cheti, na ardhi ambayo haikudaiwa na mtu ikawa ya serikali ya mkoloni. Waliokuwa na karatasi na mtu wa kuwasemea walikwenda. Aliyeachwa huru jana, na Mgiriama aliyekuwa analima ng'ambo ya mto Sabaki, hao wengi hawakuingia kwenye hayo madaftari kabisa. Halafu 1914 Wagiriama wakatolewa kwa bunduki huko kaskazini mwa Sabaki walikokuwa wakilima, Kaya Fungo, kaya yao takatifu, ikalipuliwa kwa baruti, na Mekatilili wa Menza, mama aliyewaongoza kumpinga Mwingereza, alikuwa keshashikwa kapelekwa mbali kule Kisii. Watu walirudi baadaye wakalima tena, ila sasa wakawa wageni wa mwenye hati.

Na masharti ya ugeni yalikuwa yale yale ambayo wazee wenu wanayajua mpaka leo. Lima mahindi, lima muhogo, lakini usipande mnazi wala mkorosho bila ruhusa. Jenga ya udongo na makuti, usijenge ya mawe. Si roho mbaya tu hiyo, ni hesabu. Pwani yetu mti una mwenyewe hata kama ardhi ni ya mwengine, ukishapanda minazi 50 hakuna atakayekutoa bila kukulipa, kwa hivyo mwenye shamba alihakikisha huachi alama yoyote itakayokaa kuliko msimu mmoja. Mtu analima miaka 40 halafu akiulizwa aonyeshe nini kinathibitisha, nyumba ya udongo ishaanguka ikajengwa upya mara kadhaa na mahindi yashaliwa zamani.

Haya, tuingie kwenye njia zenyewe. Lakini kabla ya njia yoyote fanya sachi, yaani upekuzi wa rejista kwenye ofisi ya ardhi. Nasema hivi sababu njia zote zinategemea jibu la swali moja, ardhi hii kwenye rejista imeandikwa jina la nani. Si chifu anasemaje, si yule kijana wa gari nyeupe anasemaje, rejista inasemaje. Kama namba ni ya zile Portion Malindi zenye C.R. mbele yake, hizo faili zake ziko Mombasa. Kama ni namba za skimu au za usajili wa vijiji kama zile za Chembe/Kibabamshe, hizo ni Kilifi. Changeni kijiji kizima mumtume mtu mmoja anayejua kusoma makaratasi, arudi na sachi iliyopigwa muhuri, mutoe kopi kila nyumba iwe nayo. Majibu yatakuwa moja kati ya haya: jina la mtu au kampuni, jina la mtu aliyekufa zamani, ardhi ya serikali, ama haijasajiliwa kabisa. Kila jibu lina njia yake.

Kulipa kodi

Hii ndiyo inaonekana rahisi kuliko zote, ndiyo maana naianza. Wakala anakuja asubuhi, ana kitabu cha risiti na kalamu, anaongea vizuri, anamwamkia mzee shikamoo, anasema mzee wangu si kitu kikubwa, ni pesa kidogo tu ya mwaka, mwenyewe hataki kuwasumbua, anataka tu kujua nani yuko wapi. Anaandika jina, anaandika "mpangaji", anaandika "kodi ya shamba", anakata karatasi anakupa, na ile kopi ya kaboni inabaki kwenye kitabu chake. Mzee anaiweka ile karatasi kwenye mkoba wa plastiki pamoja na kitambulisho, anaona keshapata usalama.

Usalama huo ni wa nani? Wewe umepata mwaka mmoja wa kutosumbuliwa, na hata huo hauna uhakika kama hakuna mkataba wa maandishi. Yeye amepata ushahidi kwamba uko pale kwa ruhusa yake. Na ruhusa ndiyo inayoua ile kesi ya miaka 12, kwa sababu korti inataka uwe umekaa bila ruhusa, bila kujificha, bila kutumia nguvu, na bila kukatizwa. Ukilipa kodi wewe ni mpangaji, basi. Unaweza kukaa miaka 60 na risiti 60 ukabaki mpangaji.

Sisemi kulipa kodi ni ujinga, kuna hali ambayo haina budi. Kama babako alilipa, wewe umelipa mpaka mwaka jana, na mwenye shamba ni mtu anayejulikana na mnaelewana, basi dai mkataba wa maandishi, wa miaka mingi, unaosema unaweza kupanda miti na kujenga ya kudumu na kwamba akiuza wewe unaulizwa kwanza. Kodi ya mdomo haina faida yoyote kwako, nakuambia ukweli. Na kama uliacha kulipa zamani, tuseme risiti ya mwisho ni ya 2004 na hapakuwa na mkataba wa maandishi, usikimbilie kulipa tena kwa sababu umetishwa. Sheria ya mihula ya kushtaki inahesabu kuanzia ile kodi ya mwisho iliyopokelewa, kwa hivyo huenda miaka yako 12 ilitimia muda mrefu, na hiyo mia tano unayotaka kutoa leo inakuletea kesi ngumu ambayo hukuwa nayo. Tafuta loya aiangalie kabla hujafungua pochi.

Korti, ile ya miaka 12

Hapa nitakaa zaidi sababu uongo mwingi unazunguka hapa.

Sheria yenyewe ni ile ile ya mihula ya kushtaki, Sura ya 22 ya sheria za Kenya. Inasema mwenye ardhi asipochukua hatua ya kuidai ndani ya miaka 12 tangu mtu mwengine aishike, haki yake ya kuidai imekwisha, na aliyekaa anaweza kuomba korti iamuru aandikishwe yeye. Kuna watu walipinga wakasema hii ni kumnyang'anya mtu mali yake kinyume cha katiba ya 2010, na Mahakama ya Rufaa iliyokaa hapa hapa Malindi ikaamua mwaka 2015 kwamba sheria haipingani na katiba. Kwa hivyo iko hai. Kesi zinapelekwa Mahakama ya Mazingira na Ardhi, nayo iko Malindi, huna haja ya kupanda basi kwenda Nairobi.

Sasa tofauti yake na njia nyingine. Kununua unalipa ardhi, huku unalipa kesi. Kununua unahitaji mwenyewe akubali, huku humuhitaji akubali, na akiwa haonekani mnaweza kuomba korti iruhusu atangazwe kwenye gazeti. Kununua ukimaliza kunaweza kuchukua miezi, huku jiandae kwa miaka, majaji wanahamishwa, faili linaahirishwa, wazee waliokuwa mashahidi wanakufa njiani. Hilo la mwisho linauma sana, kwa hivyo kama kuna bibi wa miaka 85 anayejua nani alifyeka msitu ule, afidaviti yake, yaani maelezo yake ya kiapo, iandikwe mwanzo mwanzo, wasimuache mpaka siku ya kusikizwa.

Mambo ambayo watu wanaogopa bure: barua ya loya wa mwenye shamba haisimamishi ile hesabu ya miaka. Kupigiwa kelele kwenye baraza hakusimamishi. Kinachosimamisha ni kesi aliyoifungua yeye ya kukutoa, ama kuingia kweli kweli akaishika ardhi yake. Na ardhi ikiuzwa kwa mtu mwengine miaka yako haianzi sifuri, mnunuzi anaichukua na wewe ukiwa ndani na haki yako inaendelea, hata sheria ya usajili wa ardhi ya 2012 inaitambua hiyo haki bila kuandikwa kwenye rejista. Hivi ni watu wangapi wa Malindi wametoka wenyewe kwa sababu waliambiwa "shamba lina mwenyewe mpya"?

Na mambo ambayo watu hawaogopi ilhali wangefaa kuogopa. Moja, ardhi ya serikali haichukuliki hivi, hata ukae miaka 100. Mbili, kijiji kinafungua kesi kimoja, watu 200, wanasema tu "sisi tunakaa kwenye ekari 300 hizi", halafu jaji anauliza nani anakaa wapi, kipande gani, kikubwa kiasi gani, hakuna jibu, kesi inaanguka. Munahitaji saveya wa kuaminika awape ramani inayoonyesha kila boma na shamba lake. Tatu, munahitaji kopi ya hati iliyothibitishwa na ofisi ya ardhi, bila hiyo ombi lenyewe halijakamilika. Nne, ukaaji uwe wa mfululizo. Ukiwa uliondoka ukaenda kufanya kazi Mombasa miaka 6 lakini mkeo na watoto walibaki wanalima, hapo uko sawa, ila kama palibaki pori tupu, hiyo ni shimo kwenye kesi.

Ushahidi wenu mkubwa ni ule ambao haukuandikwa na mtu. Makaburi. Piga picha makaburi yote, hata yale yaliyobaki mawe mawili tu, na andika nani kazikwa pale na mwaka gani. Minazi ikishazaa inaonekana si ya jana, mikorosho mizee ina shina ambalo mtu mmoja hawezi kulikumbatia. Kisima, msingi wa nyumba ya zamani, madrasa, kanisa, shule iliyojengwa na wazazi. Kadi za kliniki za watoto, vyeti vya kuzaliwa vyenye jina la kijiji, kadi za kura. Picha za zamani zilizopigwa kutoka angani, saveya anajua kuziomba, hizo huonyesha mashamba yaliyokuwa yamelimwa kitambo. Weka vyote mahali pamoja, kopi kwa mtu mwengine nje ya kijiji.

Gharama je? Loya wa peke yako ni ghali, hilo sifichi. Lakini kuna huduma ya msaada wa kisheria ya taifa iliyoundwa na sheria ya 2016, na kuna mashirika kama Kituo cha Sheria yenye watu Mombasa wanaojua kesi za ardhi za pwani, na sheria inaruhusu mtu asiye na uwezo kuomba asilipie ada za korti. Kijiji kikichanga kidogo kidogo kila mwezi na mweka hazina akiwa mwaminifu inawezekana kabisa. Vijiji vingi vinavunjwa na ugomvi wa zile pesa za mchango kabla havijavunjwa na mwenye shamba, andikeni kila shilingi kwenye daftari na lisomwe mbele ya watu.

Kununua kipande chako

Hii nayo ni halali na kwa wengine ndiyo bora, hasa mtu anayetaka hati haraka apate kujenga na hana moyo wa kesi ndefu. Lakini tukiiweka karibu na ile ya korti utaona kitu: ukisaini mkataba wa kununua umekubali kwamba ardhi ni yake. Mpango ukivunjika katikati, ile karatasi itatolewa kortini dhidi yako. Kwa hivyo usianze mazungumzo ya kununua kwa maandishi kabla hujajua kama miaka yako 12 imetimia na bila kodi. Aliye na kesi nzuri akanunua, amelipia kitu ambacho sheria ingempa. Aliye na risiti za kodi mpaka jana, huyo kununua ndiyo njia yake, na asione haya.

Anayekuuzia ana haki ya kuuza? Hapa Malindi hati nyingi bado ziko kwa majina ya watu waliokufa kabla ya uhuru, warithi wametawanyika, mmoja Mombasa, mwengine Muscat, mwengine Zanzibar. Anakuja mjukuu mmoja anasema ni ya kwetu. Muulize mirathi iko wapi, kwa Waislamu yaweza kuwa ya korti ya Kadhi, aonyeshe barua za usimamizi na majina ya warithi wote. Kuuza mali ya marehemu bila hiyo ni kosa la jinai, na pesa yako itakuwa imezama. Akija wakala na nguvu ya uwakilishi (power of attorney), iwe imesajiliwa ofisi ya ardhi, siyo karatasi aliyopigiwa muhuri na mtu asiyejulikana.

Mkataba uandikwe, usainiwe na pande zote, na mashahidi washuhudie saini, bila hivyo korti haitausikiliza. Kama ni shamba la kilimo lazima bodi ya ardhi itoe kibali, na ombi lipelekwe ndani ya miezi 6, ukichelewa mpango wote unakuwa batili hata kama ulishalipa, watu hawajui hili wanalipa miaka mitatu wanaambiwa kibali hakikuombwa. Halafu kuna ushuru wa stempu, asilimia 2 mashambani na 4 mjini, hiyo pia uihesabu kwenye bei. Na lile shimo kubwa kuliko yote, hati mama. Munalipa wote, kila mtu ana risiti yake, lakini shamba halijakatwa, hati bado ni moja na iko kwa mwenye shamba, akafa ama akaiweka rehani benki. Pesa zikae kwa loya mpaka vipande vikatwe na majina yabadilishwe. Akikataa sharti hilo, ushamjua.

Kusubiri serikali

Njia hii inapendwa na wanasiasa, kila uchaguzi inafufuliwa. Sheria ya ardhi ya 2012 kweli inasema serikali iweke skimu za kuwapa maskwota ardhi na kuna mfuko wa pesa kwa kazi hiyo. Mfano uliokamilika ambao kila mtu pwani anaujua ni lile shamba la Likoni la ekari 930. Serikali ikalinunua kwa bilioni 1.1, hati zikagawiwa Januari 2016, na wakaazi wakaambiwa kila mmoja arudishe shilingi 182,000 kidogo kidogo kwa miaka 12. Kwa hivyo hata hapo si bure, ni kununua kwa mkopo, tofauti ni kwamba serikali ndiyo iliyosimama katikati.

Na skimu si lazima ifaulu. Magarini mwenyeji yeyote wa makamo anajua ile skimu kubwa iliyokuwa ikipewa pesa na Australia mpaka mwishoni mwa miaka ya 1980, visima havikutosha, udongo haukukubali kilimo kile kilichopangwa ofisini, wafadhili wakafunga wakaenda. Tatizo jingine ni orodha. Skimu ikija, anayeandika majina ndiye mwenye nguvu, na majina ya watu wasiojulikana kijijini yanaingia usiku. Kama munasubiri skimu, andikeni orodha yenu mapema, na kipande cha kila mtu, isomwe barazani, isainiwe na wazee, kopi ipelekwe kaunti na Tume ya Taifa ya Ardhi na mupigiwe muhuri wa kupokelewa.

Maoni yangu, kusubiri peke yake siyo njia. Unaweza kusubiri skimu huku kesi iko kortini, hazigongani. Lakini kusubiri tu mikono mitupu ni kumpa mwenye hati muda wa kuuza.

Kuna pia madai ya dhuluma za kihistoria yanayopelekwa Tume ya Taifa ya Ardhi. Sheria ilihesabu dhuluma kuanzia tarehe 15 Juni 1895, siku Mwingereza alipotangaza ulinzi wake, mpaka 27 Agosti 2010 katiba mpya ilipoanza. Kwa kweli kama kuna watu dhuluma hii iliandikiwa ni watu wa pwani. Lakini dirisha la awali lilikuwa la miaka 5 na likafika mwisho Septemba 2021, na kwa kuwa sheria ya Tume ilirekebishwa mwaka 2025, ulizeni ofisi ya Tume yenyewe kama madai mapya yanapokelewa. Kijiji kilichopeleka madai wakati ule kifuatilie namba ya faili lake. Ambacho hakikupeleka kisikubali kuchangishwa pesa na mtu anayesema atawaingiza leo kwa mlango wa nyuma.

Lamu mambo ni mengine

Ndugu zetu wa Lamu musichukue ushauri wa Malindi mukaupeleka Hindi ama Kizingitini vile ulivyo. Huko sehemu kubwa ya bara ni ardhi ya serikali ama ya jamii ambayo haijasajiliwa, na ile ya miaka 12 haifanyi kazi kwa zote mbili. Mbajuni aliyetolewa kijiji chake cha bara wakati wa vita vya shifta miaka ya 1960 akaja kukaa kisiwani, huyo hana mwenye shamba wa kumshtaki, aliye mbele yake ni serikali yenyewe.

Kwa hivyo Lamu mizani ni kati ya mambo mawili. Moja ni kusajili ardhi ya jamii kwa sheria ya 2016: munajiandikisha kama jamii, mkutano wa wote unachagua kamati ya watu 7 mpaka 15, munatengeneza kanuni zenu, ardhi inasajiliwa kwa jina la jamii na mpaka hapo kaunti inaishikilia kwa niaba yenu tu, haiwezi kuiuza. Uzuri wake hakuna mtu mmoja wa kushawishiwa auze usiku. Ubaya wake ni polepole na inataka majirani wakubaliane mipaka, na Lamu pana wakulima, wavuvi na wafugaji kwenye ardhi hiyo hiyo. La pili ni kudai kutambuliwa na kulipwa pale mradi unapopita. Wakulima wa Kililana walipolazimika kupisha bandari ya Lamu waliishia kulipwa milioni 1.5 kwa ekari, na walifika hapo kwa sababu walijipanga kikundi wakajua nani ana shamba wapi. Wavuvi ambao bandari hiyo iliwaharibia bahari nao walikwenda mahakama kuu Malindi na mwaka 2018 wakapewa uamuzi wa fidia ya shilingi bilioni 1.76. Si ardhi ile, ni bahari, lakini ni wanakijiji wasio na hati walioshinda kesi, na waliipigania miaka.

Sasa wewe binafsi ushike ipi

Sachi imeleta jina la mtu binafsi, mumekaa zaidi ya miaka 12, hamujawahi kulipa kodi wala kusaini chochote: nendeni korti, na nendeni kabla yeye hajaenda. Hapa sina shaka hata kidogo. Sachi imeleta jina la mtu na munalipa kodi mpaka sasa: ongeeni kununua kwa pamoja kijiji kizima kupitia loya mmoja, maana bei ya watu 80 waliokaa pamoja si sawa na bei ya mtu mmoja mmoja anayeitwa pembeni. Kodi mulilipa zamani mukaacha: loya kwanza, mdomo umefungwa mpaka aseme. Jina la marehemu na warithi wanagombana: korti tena, mukiweza, na musinunue kwa mrithi mmoja. Ardhi ya serikali: orodha, ramani, barua kwa Tume, na shinikizo la skimu. Ya jamii: sajilini.

Na kama notisi ya kuondoka imeshafika wakati munasoma hii, basi kulinganisha kungoje, kwanza hesabuni siku. Kwenye ardhi ya mtu binafsi notisi lazima iwe ya maandishi na isipungue miezi mitatu, ieleze habari za mazao na majengo yenu, na kopi ipelekwe kwa naibu kamishna wa kaunti na OCS, mkuu wa kituo cha polisi. Notisi ya siku saba iliyobandikwa kwenye mnazi haijatimiza hayo. Ipigeni picha ilivyo pale ilipobandikwa, na mnazi wenyewe uonekane, andikeni tarehe, na aliyepewa notisi ana haki ya kwenda kortini kuomba iondolewe ama muda uongezwe. Nendeni ndani ya wiki hiyo hiyo na ile picha, sachi na orodha ya nyumba zote, musisubiri trekta liingie ndipo mutafute loya.